Sambha Juu ya Jabali: Kazi ya Mwigizaji Msaidizi

Bwana Mwenyekiti, wazazi wangu, na nyinyi vijana mliobanana kule mlangoni, asalaam aleikum.

Mtu wa Mombasa aliyekulia kwenye picha za Kihindi humwelezi Sholay. Ilitoka 1975, inapita saa tatu, na wamo humu wanaoweza kuisimulia yote na Kihindi hawakijui. Basi mkumbukeni Sambha, yule aliyekaa juu ya jabali na bunduki yake. Gabbar Singh, mkuu wake wa majambazi, anamuuliza serikali imetangaza zawadi kiasi gani kwa atakayemkamata. Sambha anajibu: elfu hamsini kamili. Picha nzima, watu humkumbuka kwa jibu hilo tu. Aliyemwigiza, Mac Mohan, alifariki 2010 akiwa ameshacheza picha chungu nzima, na bado jina la Sambha halikumbanduka.

Kwa nini? Gabbar angejisifu mwenyewe tungemwona mpayukaji. Anasifiwa na mtu wake, tena kwa sauti ya kawaida kama anayetaja bei ya unga, na hapo ndipo tunapomwogopa. Mac Mohan angetia madoido kidogo tu, angemharibia mwenzake. Steringi hutwambia yeye ni nani. Msaidizi ndiye anayetufanya tumwamini.

Mtazameni na John Cazale wa Marekani, aliyekuwa Fredo katika The Godfather. Alicheza filamu ndefu tano tu kabla ya kufa 1978, na zote tano ziliteuliwa kuwania Oscar ya picha bora. Yeye mwenyewe hakuteuliwa hata mara moja. Mkiirudia kazi yake, msifuate maneno yake. Mwangalieni wakati wengine wanasema. Anasikiliza mpaka unamwonea huruma.

Sasa nyinyi mnaokata tamaa mkifika miaka 25. Amrish Puri, mwigizaji wa Kihindi, alipojaribu kuwa steringi ujanani hakuchukuliwa. Akaajiriwa katika shirika la bima la serikali, miaka mingi, huku akicheza jukwaani. Alipokuwa Mogambo, yule adui mkuu katika Mr. India, 1987, alishapita miaka 50. Sura waliyoikataa ndiyo iliyomlisha.

Kazini kwenyewe kuna uchoshi ambao hamuuoni kwenye televisheni. Mnapigwa picha ya mbali, umeinua kikombe kwenye neno “mwanangu”. Kamera inasogezwa, taa zinapangwa upya, saa nzima imepita, unaambiwa urudie. Ukikiinua kwenye neno jingine, mhariri hawezi kuziunga shoti mbili hizo, na atakayekatwa ni wewe, si steringi. Mwongozaji hulikumbuka hilo anapopanga waigizaji wa kipindi kijacho. Kipaji, wallahi, huwa hakimshughulishi sana saa ile.

Na sisi wa Pwani tuna letu. Tukiitwa, mara nyingi tunaitwa mganga, au bibi wa kutabiri, au muuza kahawa mwenye methali. Wapo wenzangu wanaosema tukatae. Mimi nasema chukua, lakini mpe mganga wako shughuli ya mtu mzima: anadaiwa kodi ya nyumba, goti linamuuma, hampendi huyo mteja. Hakuna haja ya kuongeza hata neno moja kwenye skripti. Mwandishi wa tamthilia akiona mhusika ana maisha, humwandikia tena. Asipoyaona, humuua kipindi cha nne ili apunguze gharama.

La mwisho ni pesa. Kabla hujauliza una mistari mingapi, uliza unalipwa kwa siku au kwa kipindi. Ukifika seti alfajiri ukangojeshwa mpaka magharibi bila kupigwa picha, hiyo ni siku au si siku? Nauli ya kutoka Likoni usiku ni ya nani? Yaandikwe, utie sahihi, ubaki na nakala.

Haya, nauona mkono pale nyuma. Simama binti yangu, sema kwa sauti.