Askofu Holly na Kanisa la Haiti

Baba Askofu, wachungaji, walimu wenzangu na ninyi wanafunzi, Bwana asifiwe.

Habari za Haiti kuvunja utumwa na kupata uhuru mwaka 1804 mnazijua, sitazirudia. Nimekuja na mtu mmoja tu, James Theodore Holly. Nimechoka kusahihisha mitihani ya historia ya Kanisa inayoanza na Samuel Ajayi Crowther, askofu Mwafrika wa kwanza wa Kianglikana, mwaka 1864, kisha ikaruka hadi Namirembe, Uganda, mwaka 1955, alipowekwa wakfu Yohana Omari na wenzake kuwa maaskofu, kana kwamba katikati hapakuwa na mtu. Watu walikuwapo! Tarehe 8 Novemba 1874, mjini New York, Holly aliwekwa wakfu kuwa Askofu wa Haiti. Ndiye Mmarekani mweusi wa kwanza kupata uaskofu katika Kanisa la Episkopali, yaani Waanglikana wa Marekani, na alikwenda kuutumikia nje ya Marekani.

Alizaliwa Washington mwaka 1829, mtoto wa watu huru, akalelewa Mkatoliki, akafundishwa kazi ya kushona viatu. Ukasisi aliupata mwaka 1856, akapewa parokia ya Mtakatifu Luka kule New Haven. Hayo mtayasoma wenyewe. Mimi nataka tukae kwenye mwaka 1861.

Mwaka huo aliondoka na watu 110 kwenda Haiti. Serikali ya Rais Fabre Geffrard ilikuwa ikiwaita watu weusi wa Marekani wahamie, ikiwapa ardhi. Kundi la Holly likawekwa shambani, karibu na Port-au-Prince. Mvua zikaanza, na homa ikaja nazo. Katika miezi ya mwanzo tu walikufa zaidi ya 40. Holly alimzika mama yake. Akamzika mke wake. Akawazika watoto wake wawili. Na ni huyuhuyu aliyesimama mbele ya watu wale akawaambia, uzeni vitu vyenu, twendeni. Fikirini alivyokutana na macho ya wajane na yatima Jumapili iliyofuata, naye amebaki na vijana wake wawili wadogo. Wengi wa walionusurika walikata tamaa, wakarudi walikotoka. Yeye hakurudi. Mwaka uliofuata alichukua uraia wa Haiti.

Kila ninapokisimulia kisa hiki hutokea mtu akaniambia: mwalimu, huyo aliwapeleka watu wakafe. Hapana, ndugu yangu. Uliza kwanza walikuwa wanatoka wapi. Mwaka 1857 Mahakama Kuu ya Marekani, katika shauri la Dred Scott, ilitamka kwamba mtu mweusi, awe mtumwa au huru, hawezi kuwa raia wa nchi ile. Mwaka uleule Holly alichapisha kitabu akitumia historia ya Haiti kuthibitisha kwamba watu weusi wanaweza kujitawala. Frederick Douglass, mpigania haki mweusi wa Marekani aliyewahi kuwa mtumwa, kwa miaka mingi alishikilia kwamba watu weusi wabaki wadai haki yao papo hapo walipozaliwa. Ni hoja nzito, siidharau hata kidogo. Lakini mtu aliyeambiwa na mahakama kwamba hana nchi, akaenda kutafuta nchi, usimbebeshe lawama ya homa kaburini mwake.

Wengine husema alikuwa mmisionari kama wamisionari wengine. Mmisionari gani anayechukua uraia, anayezika nusu ya nyumba yake, anayekaa miaka hamsini na kufia palepale? Alifariki Port-au-Prince mwezi Machi 1911.

Sasa nifike kwenye jambo linaloniuma. Mwaka 1874 Kanisa la Haiti halikuanzishwa liwe tawi. Kulikuwa na mkataba na Kanisa la Marekani, Haiti iwe na Kanisa lake lenyewe, Marekani isaidie mpaka litakapoweza kusimama. Askofu alikuwa wa Haiti, lakini fedha zilitoka New York, tena kidogo. Mwaka 1878 huyu mshona viatu alihudhuria Lambeth, mkutano wa maaskofu wa Kianglikana huko London, na kuhubiri katika kanisa la Westminster Abbey. Aliomba mbele ya Waingereza kwamba Kristo, atakapokuja kugawa mataji, aikumbuke jamii iliyodharauliwa ya Simoni Mkirene, mtu wa Afrika, aliyeubeba msalaba wake, na yeye Holly apewe nafasi ya bawabu tu mlangoni pa Yerusalemu mpya, awaone ndugu zake wakiingia.

Akafa, na miaka miwili baadaye, mwaka 1913, Kanisa lake likageuzwa kuwa jimbo la kimisionari la Marekani. Mwaka 1915 wanajeshi wa Marekani wakaingia Haiti, wakakaa hadi 1934. Mwaka 1923 akaletwa askofu, Mmarekani mweupe, Harry Roberts Carson. Mzaliwa wa Haiti wa kwanza kuwa askofu wa pale, Luc Garnier, ni wa mwaka 1971. Hesabuni wenyewe: miaka 60 tangu Holly azikwe! Halafu mtu anasimama hapa ananiambia kujitawala kwa Kanisa ni suala la kuwa na askofu mzawa. Muulizeni nani anashika bajeti.

Naona mwenyekiti ananionyesha saa. Nilitaka kuwaeleza michoro ya kuta za Kanisa Kuu la Utatu Mtakatifu, kazi ya wachoraji wa Haiti, mitatu tu ndiyo iliyonusurika tetemeko la tarehe 12 Januari 2010. Nilitaka pia kugusia mapadre wa Kifaransa waliokuja baada ya Haiti kupatana na Roma mwaka 1860, na jinsi walivyombana Holly. Nayaacha.

Ombi langu ni kwa walimu wa chuo. Muhula ujao Holly aingie kwenye mtaala, na mkataba wa 1874 usomwe darasani pamoja na uamuzi wa 1913, siku moja, kipindi kimoja. Karibuni maswali.