Dakika Kumi za Maniyachchi

NEEMA: Mzee wangu, shikamoo.

MZEE RASHIDI: Marahaba, mwanangu. Za huko Moshi?

NEEMA: Njema, mvua tu ndiyo haitaki kukatika. Wasikilizaji, karibuni tena barazani. Wiki iliyopita Mzee alitupeleka Kahe, alikokulia, pale reli ya Tanga inapokutana na ile ya Voi. Leo zamu yangu. Nakupeleka mbali, Mzee: kusini mwa India, jimbo la Tamil Nadu, kwenye stesheni ambayo ukisinzia kidogo tu treni imeshaipita. Inaitwa Vanchi Maniyachchi.

MZEE RASHIDI: Hebu litamke taratibu.

NEEMA: Ma-ni-ya-chi. Hilo ni jina la kijiji. "Vanchi" limekuja kuongezwa mbele baadaye, na kisa chote cha leo kimo ndani ya neno hilo.

MZEE RASHIDI: Wewe ulifikaje huko?

NEEMA: Nilikuwa nasoma uuguzi Madurai. Likizo moja rafiki yangu wa darasani akanialika kwao Thoothukudi, mji wa bandari ambao Waingereza waliuita Tuticorin. Akaniambia: panda treni ya Tirunelveli, shuka Maniyachchi, hapo ngoja ya kwenda pwani. Ni njia panda, Mzee. Reli inateremka kutoka Madurai, ikifika hapo inagawanyika. Moja inakwenda mashariki, baharini, Thoothukudi. Nyingine inaendelea kusini, Tirunelveli. Kila upande ni kama kilomita 30 tu. Basi nikashuka, treni ikaondoka, nikabaki na begi langu na upepo.

MZEE RASHIDI: Upepo wa njia panda naujua. Kahe treni ikishaondoka unasikia mpaka bati la ofisi ya stesheni masta linavyolia.

NEEMA: Ndivyo hasa! Saa saba mchana. Udongo mweusi tii, ule wa kulimia pamba, umekauka umepasuka nyufa za kuingiza kiganja. Na mivumo, Mzee, imesimama mmoja mmoja hadi macho yanapoishia. Kule mvumo ni mti wa maisha, wanagema maji yake na kuyapika yawe sukari guru nyeusi. Tausi alikuwa anatembea kando ya reli kama kuku wa jirani. Mwisho wa jukwaa kuna ubao wa jina, wa manjano, herufi nyeusi, lugha tatu: Kitamil, Kihindi, Kiingereza. Na chini wameandika stesheni iko mita ngapi juu ya usawa wa bahari.

MZEE RASHIDI: Kama zetu! Stesheni za reli ya zamani ya Mombasa hadi Kampala nazo zina kimo kwenye ubao. Wala usishangae, maana ni mkono uleule. Ile reli ilianza kujengwa 1896, na vibarua na mafundi zaidi ya 30,000 waliletwa kutoka India, wengi wao Wapunjabi. Hata upana wa reli, ile mita moja, ulichaguliwa kwa sababu vichwa na mabehewa ya kipimo hicho yalikuwepo India, unayapakia melini tu. Na huko kusini unakosema, si mita vilevile?

NEEMA: Ilikuwa mita. Njia hiyo ilifunguliwa 1876 na kampuni ya South Indian Railway. Ilikaa hivyo zaidi ya miaka mia moja, hadi miaka ya 1990 walipoibadilisha kuwa pana, milimita 1,676.

MZEE RASHIDI: Basi sisi wa njia hii ya Tanga na Moshi tumebaki na ya kwao ya zamani, wao wamekwenda na pana. Haya, nieleze huyo Vanchi.

NEEMA: Tuanze na ratiba, maana bila ratiba kisa hakieleweki. Wakati ule safari ya kutoka Madras, leo Chennai, kwenda Ceylon, leo Sri Lanka, ilipitia Tuticorin. Unapanda treni Madras, karibu siku nzima, unashuka bandarini, unapanda meli usiku, asubuhi uko Colombo. Treni hiyo waliiita Boat Mail, treni ya meli. Na anayetoka Tirunelveli akitaka kwenda kaskazini, anapanda kitreni kidogo mpaka Maniyachchi, hapo anaingojea Boat Mail inayotoka bandarini. Tarehe 17 Juni 1911, kitreni hicho kiliondoka Tirunelveli saa tatu na nusu asubuhi, kikafika Maniyachchi saa nne na dakika 38. Boat Mail ilitarajiwa saa nne na dakika 48.

MZEE RASHIDI: Dakika kumi.

NEEMA: Dakika kumi. Ndani ya behewa la daraja la kwanza ameketi Robert William Ashe, mkuu wa wilaya ya Tirunelveli, Mwairishi, na mkewe Mary wametazamana. Wanakwenda Kodaikanal, kule milimani kwenye baridi. Kijana mmoja aliyevaa vizuri anasogea behewani, anatoa bastola, anampiga Ashe risasi kifuani kwa karibu kabisa. Kisha anakimbia jukwaani, anaingia chooni, anajipiga mwenyewe. Alikuwa na miaka 25. Jina lake Vanchinathan, wa mji wa Sengottai, alikuwa mfanyakazi wa misitu upande wa ufalme wa Travancore. Ashe hakumaliza siku.

MZEE RASHIDI: Inna lillahi. Mbele ya mkewe.

NEEMA: Mbele ya mkewe.

MZEE RASHIDI: Ngoja, Neema, nikwambie kitu kama mtoto wa reli. Huyo kijana hakuchagua stesheni hovyo. Mjini Tirunelveli mkuu wa wilaya ana askari, ana geti, ana watumishi. Treni ikitembea humpati. Lakini njia panda, bwana mkubwa na mchuuzi wa karanga wote wanangojea treni ileile, dirisha liko wazi, jukwaa ni la kila mtu. Na mwaka mzima, kila asubuhi, ratiba imetangaza saa na mahali. Baba yangu alikuwa akigeuza njia za reli pale Kahe, na alikuwa akisema kwamba stesheni ya njia panda haina abiria wake, ina wanaongoja tu.

NEEMA: Hilo la baba yako nalichukua. Mimi nilikuwa nimekaa kwenye benchi la saruji, sijui hata nusu ya haya. Niliyasoma baadaye.

MZEE RASHIDI: Sasa Ashe alimfanya nini?

NEEMA: Hapo ndipo meli zinapoingia, na hapa utanifurahia, Mzee, maana inafika mpaka kwenu Tanga. Palikuwa na wakili wa Tuticorin, V. O. Chidambaram Pillai, kwao wanamwita V.O.C. Safari za Tuticorin hadi Colombo zilikuwa mikononi mwa British India Steam Navigation...

MZEE RASHIDI: BI! Meli za BI! Mwanangu, nani wa pwani hii asiyezijua? Walianza kuleta barua Zanzibar kutoka Aden mwaka 1872. Mwenye kampuni William Mackinnon, na huyohuyo ndiye aliyeanzisha kampuni ya Kiingereza ya Afrika Mashariki mwaka 1888, iliyoshika Mombasa na bara yake kabla serikali ya Uingereza haijaichukua.

NEEMA: Ndiyo hao. Basi mwaka 1906 V.O.C. akasajili kampuni ya meli ya wazalendo, mtaji rupia milioni moja, hisa moja rupia 25, ili watu wa kawaida wanunue. Wakanunua meli mbili, Gallia na Lawoe. Watu wakajaa. BI wakashusha nauli hadi rupia moja. V.O.C. akashusha hadi nusu rupia. BI wakasema: haya, pandeni bure, na kila abiria tunampa mwavuli.

MZEE RASHIDI: Mwavuli?

NEEMA: Mwavuli, Mzee. Nauli bure na mwavuli juu yake. Kampuni ya watu wa hisa za rupia 25 itashindana vipi na hilo? Na alipokuwa bado hatetereki, mwaka 1908 serikali ya Waingereza ikamkamata kwa uchochezi. Mji wa Tirunelveli ukalipuka, polisi wakafyatua risasi, watu wanne wakafa. Ashe wakati huo alikuwa ofisa wa serikali Tuticorin, na watu walimhesabu kuwa mmoja wa wabaya wao katika yote hayo, la meli na la risasi. V.O.C. akahukumiwa vifungo viwili vya maisha, vikapunguzwa baadaye kwa rufaa. Gerezani Coimbatore walimfunga kwenye kinu cha kukamulia mafuta akakizungusha kama ng'ombe.

MZEE RASHIDI: Wakili.

NEEMA: Wakili, mwenye meli. Alitoka Desemba 1912. Kampuni ilikuwa imekufa. Leo bandari nzima ya Thoothukudi ina jina lake, na nilipofika pale nilisimama mbele ya ule ubao nikasikia uchungu, siwezi kueleza.

MZEE RASHIDI: Kwa hiyo kijana alilipiza kwa ajili ya V.O.C., ndiyo maana stesheni ikapewa jina lake.

NEEMA: Ndivyo wengi wanavyosimulia. Ila mfukoni mwake walikuta barua, na humo hakuandika meli. Aliandika kwamba Waingereza wanaikanyaga dini ya Wahindu, kwamba mfalme mla nyama ya ng'ombe anatawazwa juu ya nchi yao. Siku tano tu baadaye George wa Tano alikuwa anatawazwa London. Na akaandika kwamba watu elfu tatu wameapa kumuua mfalme huyo akikanyaga India.

MZEE RASHIDI: Hmm.

NEEMA: Sasa yule rafiki yangu aliyenialika. Familia yao ni ya tabaka lile lililokuwa likiitwa la wasioguswa. Babu yao alikuwa haruhusiwi kuteka maji kwenye kisima cha kijiji. Nilipomwambia kwa furaha, "Kumbe nilikaa kwenye stesheni ya mpigania uhuru," alinyamaza kidogo. Kisha akasema, "Barua ile inamtukana mfalme kwa kula nyama ya ng'ombe. Sisi pia tunakula. Kwenye nchi aliyoitaka yeye, sisi tungekaa wapi?" Nyumbani kwao hawasemi Vanchi Maniyachchi. Wanasema Maniyachchi, basi.

MZEE RASHIDI: Nimemsikia. Lakini na mimi niseme langu. Kijana wa miaka 25, nchi yake imeshikwa, kila mwenye mdomo amefungwa, hata meli wameua kwa miavuli. Mimi siwezi kumlaani. Hata kama barua yake ina maneno nisiyoyapenda.

NEEMA: Wala mimi simlaani, Mzee. Ila nimeshindwa kusimama upande mmoja. Yule V.O.C. ninamtukuza bila wasiwasi. Huyu namfikiria, nafika kwa rafiki yangu, narudi.

MZEE RASHIDI: Fikiria tu, si lazima umalize leo. Na Boat Mail ikaendelea kupita hapo?

NEEMA: Si kwa muda mrefu. Mwaka 1914 walifungua daraja la Pamban juu ya bahari kwenda kisiwa cha Rameswaram, safari ya Ceylon ikahamia huko, meli ikawa inavuka kutoka Dhanushkodi hadi Talaimannar, masafa mafupi sana. Desemba 1964 kimbunga kikaifuta Dhanushkodi yenyewe. Maniyachchi yenyewe ikabaki kugawa treni kama kawaida: mabehewa ya Thoothukudi yakawa yanaunganishwa hapo na treni kubwa ya Chennai. Siku hizi nyaya za umeme zinapita juu ya jukwaa.

MZEE RASHIDI: Ulikula nini muda wote huo? Maana njia panda bila chakula ni adhabu.

NEEMA: Mzee, nilikuwa naisubiri hiyo. Kaskazini ya hapo kuna mji unaitwa Kovilpatti, na mchuuzi alikuja na sinia la kitu chao wanakiita kadalai mittai. Nikakimega. Ni kashata! Kashata ya karanga na sukari guru, karanga nzima nzima, inang'aa, inakatika kwa mlio. Nilikula jukwaani nikamkumbuka bibi yangu.

MZEE RASHIDI: Kashata Uhindini.

NEEMA: Na upande wa pili Tirunelveli wana haluwa yao. Ya Zanzibar unaikoroga kwa wanga. Wao wanaloweka ngano, wanaikamua maziwa yake, ndiyo wanayopika na samli hadi inateleza. Inauzwa bado ya moto, kwenye jani. Sitaki ugomvi na watu wa Zanzibar, lakini ile niliila mara mbili.

MZEE RASHIDI: Hapo nitakutetea kwa shida. Treni yako ilikuja?

NEEMA: Ilikuja. Kwanza nilisikia reli zinaimba, kisha stesheni masta akatoka na bendera ya kijani imekunjwa mkononi. Tulikuwa abiria kumi hivi. Mama mmoja mwenye kikapu cha maua ya asumini akanisogezea nafasi dirishani bila kuniuliza ninatoka wapi, mpaka tulipoanza kuona majaruba ya chumvi yanameta, mirundo myeupe kila upande, nikajua bahari iko karibu.

MZEE RASHIDI: Na rafiki yako alikuja kukupokea?

NEEMA: Alikuwa amesimama mlangoni mwa stesheni na mdogo wake. Akaniuliza, "Umengoja sana Maniyachchi?" Nikamwambia saa moja na nusu. Akachukua begi langu, akasema, "Leo imewahi."