Upepo Unaohesabu Siku

Mabibi na mabwana, na hasa nyinyi vijana mnaoandika hadithi za kubuni za kisayansi, asanteni kwa kufika.

Anayebuni dunia mpya huanza na miji, wafalme na wanyama wa ajabu. Mimi nawasihi muanze na saa. Wakazi wa dunia hiyo watajuaje kwamba leo si jana? Sisi huku Afrika Mashariki tunaanza kuhesabu saa jua linapochomoza, na hesabu haitutupi kwa sababu tuko karibu na ikweta: mwaka mzima jua halichelewi sana wala haliwahi sana. Sasa chukua dunia ambayo jua likichomoza halitui mpaka karibu miezi miwili ipite. Mtoto atazaliwa, atanyonya, ataanza kutabasamu, na bado ni mchana uleule. Hapo saa ya jua haifai kitu.

Dunia ya namna hiyo ipo, ni sayari ya Zuhura. Inajizungusha kinyumenyume kwa siku zetu 243, na kutoka macheo hadi macheo ni siku kama 117. Lakini mawingu yake ya juu, kilomita 65 hadi 70 kutoka ardhini, huizunguka sayari nzima kwa takriban siku nne, yakienda mita 100 kwa sekunde. Ardhini kwenyewe upepo unatambaa tu, mita moja hivi kwa sekunde.

Jambo hili lilianza kuonekana kutokea Afrika, na natamani lifundishwe shuleni. Mwaka 1957 Charles Boyer, hakimu Mfaransa aliyekuwa akifanya kazi Brazzaville, alikuwa akiipiga Zuhura picha kwa darubini yake, akitumia mwanga wa urujuanimno, ule usioonekana kwa macho. Kwa macho ya kawaida sayari hiyo ni nyeupe tupu. Kwenye picha zile paliota doa jeusi, na doa hilo likawa linarudi kila baada ya siku nne. Yeye na mwenzake Henri Camichel walisema kuna kitu kinazunguka upesi. Wataalamu wengi walisita, tena rada za miaka ya 1960 zilionyesha ardhi ikizunguka polepole mno. Kumbe pande zote mbili zilikuwa sahihi: ardhi ina mwendo wake, anga ina wake. Chombo cha anga cha Mariner 10 kilipopita karibu na Zuhura mwaka 1974 kiliyaona mawingu yakikimbia.

Dunia yangu ya kubuni nimeiita Kishada. Nimechukua mwendo wa Zuhura, nikaondoa joto la nyuzi 460 na asidi ya mawinguni ili watu waishi. Madoa meusi nimeyafanya yaonekane kwa macho. Doa likirudi juu ya mji, watu huhesabu mzunguko mmoja. Kwa mzunguko hulipwa mishahara, hufungwa na kufunguliwa saumu, huhesabiwa eda.

Hapa ndipo mwandishi anapopata hadithi, kwa sababu saa hii ni upepo, na upepo hubadilika. Chombo cha Venus Express kilipima mawingu ya Zuhura kuanzia 2006, na ndani ya miaka sita wastani wa kasi ulipanda kutoka kilomita 300 hivi kwa saa hadi 400. Hebu fikiria vibarua wa Kishada upepo ukikaza namna hiyo: mizunguko inaongezeka, kazi ya kila mzunguko inapungua, ujira ni uleule. Tajiri atalalamika. Lakini tajiri huyohuyo, akiwa amekopesha kwa faida ya kila mzunguko, ataomba dua upepo usilegee.

Halafu kuna suala la mahali. Kwenye Zuhura kasi ya upepo haipungui sana ukitoka ikweta kuelekea latitudo za kati, ila duara la kuzunguka linakuwa dogo. Kwa hiyo huko wingu hurudi baada ya siku kama tatu. Miji miwili ya Kishada haiwezi kukubaliana umri wa mtu mmoja.

Kimo nacho kina neno lake. Juni 1985 Wasovieti waliachia maputo mawili katika anga ya Zuhura kutoka vyombo vya Vega. Yalielea kwenye kimo cha kilomita 54 hivi, na kila moja lilituma ishara kwa takriban saa 46 huku likipeperushwa kilomita 11,000 hivi, kutoka upande wa usiku hadi wa mchana. Mtu angekuwa ndani ya puto lile, macheo yangemjia baada ya siku chache tu, ilhali nduguye aliyeko ardhini angali gizani. Chini kidogo ya mawingu ya juu upepo ni mpole zaidi, basi hata wanaoelea hawahesabu sawa.

Ndiyo maana mbele ya kadhi wa Kishada mkataba usiotaja mji na kimo cha wingu ni batili.