Schima, mti unaozima moto ukiwa umesimama

Mabibi na mabwana, tukitaja jamii ya mchai, wengi huona vichaka vya shambani vinavyochumwa kila siku. Lakini mchai una ndugu warefu wa msituni, na leo nazungumzia mmoja wao: Schima.

Jenasi hii, yaani kundi la spishi zilizo ndugu wa karibu, ni ya Asia. Iko kwenye miteremko ya Himalaya, kusini mwa China, kwenye visiwa vya kusini mwa Japani, hadi Indonesia. Mwaka mzima ina majani mabichi. Ukiliona ua lake, undugu na mchai unauona hapo hapo: petali tano nyeupe na stameni nyingi za njano, yaani nyuzi zinazobeba chavua. Kuhusu idadi ya spishi, wataalamu wanabishana. Mwaka 1952 mtaalamu wa mimea Bloembergen alizikusanya zote katika spishi moja, Schima wallichii, na wengi hawakumfuata.

Ila kilichonileta mbele yenu ni moto.

Kusini mwa China hupandwa Schima superba kwa mistari mipana juu ya matuta, ikikata misitu ya misonobari vipande vipande. Njia ya kuzuia moto tuliyoizoea ni ardhi iliyofyekwa tupu. Hiyo hudai kufyekwa tena na tena, na mvua huondoka na udongo wake. Hapa njia yenyewe ni msitu ulio hai, na mimi naona ni fikra bora kabisa.

Siri iko majanini. Jani ni nene, lina maji mengi. Kabla halijawaka, maji hayo lazima yageuke mvuke, na kazi hiyo hula joto ambalo lingeuwasha mti unaofuata. Msonobari, kinyume chake, una utomvu unaoulisha moto. Tena matawi ya Schima husongamana, kivuli kikawa kizito, nyasi zisiote, na moto unaotambaa chini ukakosa chakula. Hata mti ukiungua, mara nyingi huchipua upya.

Lazima niseme kweli: upepo mkali hurusha cheche juu ya mstari wowote, na ukame mrefu hupunguza maji ya majani. Mstari huwapa wazima moto muda na mahali pa kusimama. Ukiwa na mapengo, moto utapita hapo hapo. Na miche ikiwa bado midogo, nyasi huota katikati yake. Lazima zifyekwe mpaka matawi yakutane.