Nusu Saa ya Tikiti Maji

Mabibi na mabwana, karibuni. Walioko nyuma wasogee mbele jamani, sauti yangu leo imekauka.

Kabla hatujaitazama Bibi Mwenye Kijibwa, filamu ya Iosif Kheifits, nataka tuzungumzie tikiti maji.

Katika hadithi ya mwandishi Mrusi Anton Chekhov iliyozaa filamu hii, iliyotoka mwaka 1899, Gurov, mume wa mtu kutoka Moscow, yuko Yalta, mji wa mapumziko wa pwani, anapumzika. Anakutana na Anna Sergeyevna, naye mke wa mtu. Siku wanayovuka mpaka wa ndoa zao, Anna amejiinamia chumbani mwake, nywele zimening'inia huku na huku usoni, kama aliyefiwa. Na Gurov? Mezani kuna tikiti. Anajikatia kipande, anakula taratibu. Chekhov anatuambia nusu saa nzima ilipita kimya, basi. Kitabuni nusu saa hiyo ni mstari mmoja. Wewe mwenye kamera utaifanyaje?

Filamu yetu ilitengenezwa katika studio ya Lenfilm, ikatoka mwaka 1960, mwaka ambao Chekhov angekuwa ametimiza miaka 100. Ni ya rangi nyeusi na nyeupe, kwa hiyo ile Yalta ya kadi za posta msiitegemee. Gurov ni Aleksey Batalov. Anna ni Iya Savvina, na hii ndiyo filamu yake ya kwanza. Kheifits hana haraka nao. Anawaacha watu wakae.

Nikita Mikhalkov alishika njia nyingine mwaka 1987, katika Macho Meusi, aliyoifuma kutokana na hadithi kadhaa za Chekhov. Humo Marcello Mastroianni anaingia na suti yake nyeupe kwenye bwawa la tope, akamletee bibi kofia yake. Tamasha la filamu la Cannes lilimpa tuzo ya mwigizaji bora, na mimi nilicheka hadi machozi. Lakini Gurov wa Yalta hachafui suruali kwa ajili ya mwanamke. Anakula tikiti. Mapenzi yanamkamata baadaye, Moscow, nywele zimeshaanza mvi, na hana wa kumwambia.

Usiku mmoja, akitoka klabuni, maneno yanamponyoka mbele ya afisa waliyekuwa wakicheza naye karata: laiti ungejua nilikutana na mwanamke wa namna gani Yalta! Afisa anapanda sleji, gari la kuteleza juu ya theluji, inaondoka, mara anageuka na kumwita kwa jina. Gurov anaitika.

"Ulisema kweli leo. Yule samaki alikuwa ameanza kunuka!"

Haya, zimeni taa.