Filamu za watu wazima: karatasi kwanza, kamera baadaye

Hamjambo watu wangu wa Mombasa, na nyinyi wa Mtwapa na Diani pia. Leo vaeni hedifoni. Kama uko sebuleni na nyanya, hii iache kwanza, utaitazama baadaye. Na kama hujatimiza miaka 18, toka kabisa, si mada yako.

Swali linalokuja sana ni hili: huko Marekani watu wanaishije kwa filamu za watu wazima, na mtu wa Kisauni au Likoni anaingiaje? Kuhubiri sitahubiri, maimamu na wachungaji wapo. Nitaeleza kazi yenyewe inavyokwenda, na kama kuna jambo moja la kushika, ni kwamba wanaoiweza kazi hii wanaiwezea kwenye makaratasi. Urembo na ujasiri unavipata kila kona.

Tuanze nyumbani, maana hapo ndipo watu huteleza wakidhani wako sawa. Kanuni ya Adhabu ya Kenya, kifungu cha 181, inamkamata anayetengeneza picha au filamu chafu kwa biashara au kusambaza. Adhabu ni kifungo cha hadi miaka miwili au faini ya shilingi 7,500. Najua kuna anayecheka hapo, elfu saba! Ndugu yangu, faini si kitu. Kitu ni rekodi. Siku utakapoomba cheti cha tabia njema pale DCI ili uende Qatar, au upate kazi ya bandarini, jina lako liko pale. Na yule mgeni aliyekodi apatimenti Bamburi akakwambia "hii ni ya soko la nje, Kenya haitaonekana", huyo anakudanganya mara mbili. Sheria haiulizi mnunuzi yuko wapi, inauliza kamera iliwashwa wapi. Na video ikishaingia mtandaoni, Kenya itaonekana tu. Hata ukiifungia Kenya kwenye mipangilio, mwenye VPN anapita, na mwenye Telegram anaipakia upya bure.

Hapa California niliko mambo ni tofauti kwa sababu moja mahsusi. Mwaka 1988 Mahakama ya Juu ya jimbo iliamua, katika kesi ya Freeman, kwamba kumlipa mwigizaji ili arekodiwe si sawa na ukuwadi. New Hampshire nayo ikafuata mkondo huohuo mwaka 2008. Ndiyo maana biashara hii ilitia mizizi Los Angeles, kule Bonde la San Fernando, na si kwa sababu ya hali ya hewa.

Sasa, mtu aliyeko huku kihalali anaanzaje? Kitambulisho. Kuna sheria ya shirikisho, watu wa kazi wanaiita kwa namba tu, 2257. Kila studio lazima ihifadhi nakala ya kitambulisho chenye picha na tarehe ya kuzaliwa, jina la kisheria, na majina mengine yote uliyowahi kutumia, la kisanii likiwemo. Kwa filamu inayorekodiwa ndani ya Marekani, pasipoti ya Kenya peke yake haitoshi. Inatakiwa leseni ya udereva ya jimbo, green card, kadi ya kibali cha kazi, kitu kilichotolewa na serikali ya hapa. Visa ya utalii hairuhusu kazi ya malipo ya aina yoyote. Kwa hiyo mtu akikwambia "njoo na visa ya matembezi, studio itapanga mengine", hiyo si studio. Studio halisi inaogopa 2257 kuliko inavyoogopa hasara.

Halafu ajenti. California inamtaka ajenti wa vipaji awe na leseni ya Kamishna wa Kazi na aweke dhamana ya dola 50,000. Leseni unaitafuta mwenyewe kwenye tovuti ya serikali, usingoje akuonyeshe karatasi. Ajenti halali anakata asilimia yake baada ya wewe kulipwa. Hakuna ada ya usajili, hakuna pesa ya kupiga picha, hakuna "tuma elfu tatu kwa M-Pesa tukufungulie faili". Hizo elfu tatu tatu ndizo biashara yenyewe. Na wale wanaodai picha za utupu "za audisheni" kwenye WhatsApp kabla hata ya kukuona kwa video, subiri wiki mbili, watarudi kudai pesa ili wasizitume kwa familia yako.

Kuna kesi ya San Diego ambayo kila mtu anayefikiria kazi hii aisome. GirlsDoPorn ilikuwa inatangaza kazi ya uanamitindo wa nguo. Msichana anapelekwa kwa ndege mpaka hotelini, anawekewa mkataba mrefu mbele yake huku kamera zimeshapangwa, anaambiwa video itauzwa kwa DVD tu huko Australia na New Zealand, mtandaoni haitafika. Ilifika. Januari 2020 mahakama iliwapa wanawake 22 fidia ya karibu dola milioni 13, na mwenye kampuni, Michael Pratt, alikamatwa Hispania mwishoni mwa 2022 na kuhukumiwa miaka 27 mwaka 2025. Angalieni mtindo: tangazo la kitu kingine, safari ya kulipiwa, mkataba unaoonyeshwa dakika ya mwisho. Huko Pwani mtindo huo unavaa nguo ya "kazi ya hoteli Dubai", lakini ni uleule.

Mkataba basi. Soma siku moja kabla, ukiwa kwako, umekula, umelala. Neno la kutafuta ni haki. Karibu kila studio inanunua haki zote, kwa muda wote, duniani kote, kwa malipo ya siku moja. Hakuna asilimia ya mauzo. Video ikitazamwa mara milioni kumi miaka kumi ijayo, wewe ulishalipwa ile siku. Na ukibadilisha maisha, ukaolewa, ukaokoka, ukaenda Hijja, studio haina wajibu wa kuifuta. Hilo wengi hawalielewi mpaka limewakuta, na kama hukudanganywa wala kulazimishwa, ni vigumu wakili kulifungua ukishatia saini ukiwa mtu mzima na akili timamu. Tafuta pia kama wanaruhusiwa kukata vipande na kuviuza upya kwa jina lingine, na kama utalipwa chochote wakifuta kazi asubuhi ya siku yenyewe. Orodha ya unachokubali na usichokubali iandikwe na isainiwe kabla. Studio zenye nidhamu hukurekodi ukisema kwa mdomo wako kabla ya kuanza, na tena baada ya kumaliza. Isipofanyika, ulizia. Wakinuna, chukua mkoba wako.

Vipimo ndipo pana utaalamu kwelikweli. Kiwango cha tasnia ni kila siku 14: VVU, kisonono, klamidia, kaswende, homa ya ini B na C, na trikomona. Mara nyingi mwigizaji analipia mwenyewe, mara mbili kwa mwezi, uwe na kazi au huna. Matokeo huingia kwenye hifadhi ya data iitwayo PASS, na studio inaona tu kama unaruhusiwa kufanya kazi au la, haioni ugonjwa. Picha ya karatasi ya maabara kwenye simu haikubaliki, kwa sababu tarehe inabadilishwa kwa dakika mbili.

Kwa nini 14? Kipimo cha VVU kinachotumika kinatafuta virusi vyenyewe, na kinaweza kuvikuta takriban siku kumi baada ya maambukizi. Kile kipimo cha haraka mnachonunua duka la dawa kinatafuta kingamwili, nazo huchukua wiki kadhaa, hata miezi mitatu. Mtu anaweza kukuonyesha kipimo hasi cha leo asubuhi, bila kusema uongo, na akakuambukiza jioni. Mwaka 2004 mwigizaji mmoja alirudi kutoka kurekodi Brazil, akaambukiza wanawake watatu kabla kipimo hakijamnasa, na kazi zikasimama. Wakati huo walikuwa wakipima kila mwezi. Muda ukapunguzwa baadaye kwa sababu hiyohiyo ya dirisha, yaani zile siku ambazo maambukizi yapo lakini kipimo hakiyaoni.

Wengi siku hizi hawapiti studio, wanauza wenyewe. OnlyFans, tovuti ambapo mashabiki hukulipa moja kwa moja kuona video zako, inakata asilimia 20. Wateja 200 kwa dola 10 ni dola 2,000, inabaki 1,600. Toa taa, intaneti, nguo, mhariri, tuseme 300. Zimebaki 1,300, na kwa mkazi wa Marekani aliyejiajiri karibu dola 184 zinakwenda kwenye Social Security na Medicare, yaani pensheni na bima ya afya ya serikali, kabla ya kodi ya mapato. Kodi inalipwa kwa awamu: 15 Aprili, 15 Juni, 15 Septemba, 15 Januari. Mteja akienda benki kukana malipo, fedha inatolewa kwako. Lakini haki za video ni zako, na hiyo ndiyo tofauti kubwa kabisa.

Ila msijidanganye kwamba mko huru. Wenye kauli ya mwisho ni kampuni za kadi. Desemba 2020 Visa na Mastercard zilijitoa kwenye tovuti ya video ya Pornhub, na mamilioni ya video za watu wasiothibitishwa zikaondolewa. Agosti 2021 OnlyFans ilitangaza itapiga marufuku ngono, ikageuka ndani ya wiki moja. Tangu Oktoba 2021 Mastercard inataka kitambulisho na ridhaa ya maandishi ya kila mtu anayeonekana. Kwa hiyo usitegemee jukwaa moja, na toa pesa kila wiki, usiziache zikae humo.

Na kama picha zako zimeshatoka bila ridhaa, au kuna anayekutisha, usilipe. Ukilipa mara ya kwanza bei inapanda. Nenda StopNCII.org, unaichagua picha kwenye simu yako, inatengenezwa alama ya kidijitali hapohapo, picha yenyewe haitoki, na majukwaa yaliyojiunga yanaitumia alama hiyo kuizuia. Marekani imepitisha sheria Mei 2025 inayotaka majukwaa yaondoe ndani ya saa 48 baada ya kuombwa. Kenya nayo ina Sheria ya Matumizi Mabaya ya Kompyuta ya 2018, kifungu cha 37: anayesambaza picha za faragha anakabiliwa na faini ya hadi shilingi 200,000, au miaka miwili jela, au vyote. Kabla hujamblok, piga skrinshoti zenye namba, tarehe, linki na ujumbe wa M-Pesa. Nenda nazo kituo cha polisi na usitoke bila namba ya OB. Wakikuambia "andika tu jina hapa, tutakupigia", kaa kwenye hilo benchi.