Bei ya Kosa: Sheria Barabarani, Mgodini na Kwenye Mfongo

Waheshimiwa madiwani, watendaji wa kata na vijiji, na wanafunzi wa sheria mliojibana kule nyuma karibu na mlango: shikamooni wanaostahili, wengine hamjambo.

Nianze na barabara ambayo wengi wenu mmeipita leo asubuhi. Kutoka Moshi hadi Arusha ni kilomita 80 hivi. Boma Ng'ombe, Kikatiti, Usa River, Tengeru: kila penye makazi pana kibao cha 50. Dereva wa Noah ana hesabu ya tajiri ya kupeleka jioni. Kinachozidi ndicho chake. Akifuata vibao anapata, tuseme, tripu mbili kwa siku. Akikanyaga mafuta anapata ya tatu, na tripu hiyo inamwachia 20,000. Namba hizi ni za mfano, msije mkaninukuu. Faini ya papo kwa papo tuliyoizoea ni 30,000. Aliyetunga kanuni ofisini anaona 30,000 imeizidi 20,000, anafunga jalada. Dereva hana jalada. Yeye anajiuliza: katika siku tano ninazokimbia, tochi ya kupimia mwendo hunidaka mara ngapi? Kama ni mara moja, basi faini kwake ni 6,000 kwa siku. Toa 6,000 kwenye 20,000, anabaki na 14,000. Anakanyaga.

Hesabu hiyo aliiandika mchumi wa Marekani Gary Becker mwaka 1968: bei ya kosa ni kiasi cha adhabu mara uwezekano wa kukamatwa. Mnaotunga sheria ndogo mna mipini miwili tu. Kwa dereva wetu, ama umdake zaidi ya mara 2 katika kila 3, ama faini ivuke 100,000. Kuongeza askari na tochi ni gharama kila mwezi. Kuongeza sifuri kwenye faini ni gharama ya wino. Kwa hiyo nadharia ya mwanzo kabisa ilisema: pandisha faini, punguza askari. Naona baadhi ya waheshimiwa wanatabasamu. Ngojeni.

Faini iliyoandikwa huwa ndiyo dari ya mapatano ya pembeni. Ikiwa 30,000, watu wawili chini ya mti wanaelewana kati ya sifuri na 30,000. Ikiwa 300,000, uwanja wa kuelewana umepanuka mara kumi, halmashauri haijaona hata senti, na bei halisi ya kosa imebaki ile ya chini ya mti. Hilo la kwanza.

La pili ni mfuko. Mwenye 15,000 mfukoni, faini ya 30,000 na ya 300,000 kwake ni moja: zote hawezi. Ataacha pikipiki kituoni, au atakimbia, na bodaboda anayemkimbia askari ni hatari kuliko bodaboda aliyezidisha mwendo. Mwaka 2021 faini ya bodaboda na bajaji ilishushwa kutoka 30,000 hadi 10,000. Wapo walioiita huruma. Kwa hesabu ya leo si huruma hata kidogo, maana faini isiyolipika haimzuii mtu.

La tatu ndilo linalosahaulika zaidi. Aliyekwenda 55 na aliyekwenda 95 wanalipa sawa. Ukishalipia ile 5 ya mwanzo, 40 zinazofuata ni za bure. Cesare Beccaria wa Italia aliliona tangu 1764: makosa mawili yenye madhara tofauti yakipewa adhabu moja, mtu hana sababu ya kuliacha kubwa. Maji ukiyavulia nguo huna budi kuyaoga, na dereva anaoga hadi 95.

Juu ya hayo kuna kuwashiana taa. Magari yakipishana, moja linamulika mara mbili, uwezekano wa kukamatwa unashuka hadi karibu sifuri kwa kilomita zote isipokuwa zile mita 300 za mbele ya tochi. Ndiyo maana kifaa cha VTS, cha kufuatilia gari, kwenye mabasi ya masafa marefu kinafanya kazi kwa namna nyingine kabisa: kinapeleka mwendo wa basi LATRA, mamlaka ya usafiri wa ardhini, njia nzima, na mwenye basi naye anabanwa. Hapa pana jambo la kuangalia sana. Faini ikimwangukia dereva peke yake huku tajiri akidai hesabu ileile, anayefaidi mwendo si anayelipia. Ukimfuata tajiri, hesabu yenyewe inashuka.

Twende Mirerani, kwa wenzetu wa mawe ya tanzanite. Kabla ya marekebisho ya mapema 2019, mchimbaji mdogo aliyeuza kihalali alikabiliwa na VAT 18%, kodi ya zuio 5%, mrabaha 6% na ada ya ukaguzi 1%. Jumla 30%. Jiwe la shilingi 10,000,000 likipita mlango wa mbele linakatwa 3,000,000. Maana yake ni kwamba njia yoyote ya panya iliyogharimu chini ya 3,000,000, pamoja na hofu, ilikuwa na faida. Ukuta wa kuzunguka migodi uliokamilika 2018, kilomita 24 na ushei, uliongeza uwezekano wa kukamatwa. Kufutwa kwa zile 18 na 5 kwa wachimbaji wadogo, pamoja na kuanzishwa kwa masoko ya madini, kulishusha faida ya kukwepa: ikabaki 7%, yaani 700,000 kwa jiwe lilelile. Watu hubishana kipi kilifaa zaidi, ukuta au kodi. Ukweli ni kwamba ukuta hauwezi kuhukumiwa bila kuuliza nyuma yake kuna faida kiasi gani ya kuuruka.

Sasa kuna faini inayozidisha kosa. Mwaka 2000 Uri Gneezy na Aldo Rustichini walitoa utafiti uliofanyika kwenye vituo 10 vya kulelea watoto mjini Haifa, Israeli. Wazazi walikuwa wakichelewa kuchukua watoto. Vituo 6 vikaweka faini ya shekeli 10 kwa anayechelewa zaidi ya dakika 10. Wachelewaji wakaongezeka, hatimaye wakawa karibu mara mbili. Awali mzazi alimwonea aibu mwalimu. Sasa amenunua muda. Na faini ilipoondolewa, hawakurudi walikokuwa.

Haifa ni mbali, lakini msaragambo, kazi ya pamoja ya kijiji, uko hapa. Mtendaji anayeandika kwamba asiyefika atalipa 5,000, wakati kibarua wa siku analipwa zaidi ya hapo, amefungua duka la kuuza ruhusa. Mwenye duka mjini atatuma 5,000 kwa simu akiwa amelala. Hakuvunja sheria, amelipa bei. Ama faini ivuke gharama ya kumweka kibarua badala yake, ama kusiwe na faini ya pesa kabisa.

Kwenye mfongo, mfereji wetu wa maji wa pamoja, wazee walilijua hili. Asiyekuja kuzibua mfongo hukosa zamu yake ya maji. Adhabu haihitaji hakimu, anayeitekeleza ni jirani wa chini ambaye maji yanamwongezekea, na mkosaji anaiona shambani mwake kwenye migomba. Elinor Ostrom, aliyepata Nobeli ya uchumi 2009, alichunguza mifereji na malisho ya pamoja sehemu nyingi za dunia akakuta sifa hizohizo panapodumu: walinzi ni watumiaji wenyewe, na adhabu huanza ndogo ikapanda kwa mwenye kurudia.

Lakini mfongo una mwisho wake, na hapo anaingia mchumi Ronald Coase. Mwaka 1960 aliandika kuhusu ng'ombe wanaoingia kwenye mazao ya jirani, mfano ambao ungeweza kutungwa tambarare ya Hai. Mimi nitatumia maji. Mtambo wa kuoshea kahawa upo juu. Majitaka yake yanaharibu mto, na hasara ya walio chini ni 6,000,000 kwa msimu. Shimo la kutuliza maji linagharimu 4,000,000. Sheria ikiwapa wa chini haki ya maji safi, mwenye mtambo atachimba shimo. Ikimpa mwenye mtambo haki ya kumwaga, wa chini watamlipa kitu kati ya 4,000,000 na 6,000,000 ili achimbe. Shimo linachimbwa vyovyote vile. Tofauti ni nani anatoa pesa, na hiyo si tofauti ndogo, msiipuuze kama baadhi ya wachumi.

Hiyo ni ikiwa chini kuna mtu mmoja. Weka kaya 300, kila moja ikipata hasara ya 20,000. Ili kufikisha 4,000,000 kila kaya itoe 13,334. Nani atazunguka kukusanya? Nani atasema kwake hakuna harufu, kumbe anangoja wenzake wachange? Kikao cha tatu kinavunjika, shimo halichimbwi, ingawa kila mmoja angefaidika. Gharama za kukubaliana zimemeza faida. Hapo ndipo sheria inapolazimika kuchagua, na mwanasheria Guido Calabresi alitoa kipimo mwaka 1970: mzigo aubebe anayeweza kuzuia madhara kwa gharama ndogo zaidi. Hapa ni mwenye mtambo, kwa sababu yuko mmoja na shimo liko mlangoni pake. Kwa sheria ya rasilimali za maji ya 2009 matumizi ya namna hii yana vibali, na ofisi ya Bonde la Pangani iko hapa hapa Moshi mjini. Sharti la shimo lina mahali pa kuandikwa.

Mara nyingine wote wawili wanaweza kuzuia, na hapo kazi ni ngumu zaidi. Kanuni za kifuta jasho za 2011, za mazao yaliyoliwa na wanyamapori, zilipangwa kulipa kidogo kwa shamba lililo karibu na hifadhi kuliko lililo mbali, na zisiende zaidi ya ekari 5. Wakulima wanaziita za kionevu. Zingelipa hasara yote popote, kulima mahindi kwenye njia ya tembo kungekuwa biashara yenye bima ya serikali. Zisingelipa chochote, mkulima angekuwa na kila sababu ya kumnyamazia mwenye mkuki. Umbali na ekari vimewekwa ili mkulima naye aendelee kufikiri apande nini na wapi. Kasoro ninayoiona mimi iko kwenye tarehe. Anayelipwa misimu miwili baadaye, akiwa ameshakopa mbegu, hakulipwa kiasi kilichoandikwa. Toa riba ya huo mkopo, kisha uniambie kimebaki kiasi gani.

Karibuni kwa maswali. Tuanze na mama yule mwenye faili la kijani.